Mwanaidi Alikuwa Amefunga

Enzi zetu goli la kikapu halikuwa na wavu. Lilikuwa pete ya chuma iliyong'olewa kwenye pipa kuukuu, fundi akaipigilia juu ya nguzo ya mkaratusi, basi. Masista waliuita mchezo wenyewe basketiboli, lakini usidhani ni huu wa kudunda na kurukaruka wanaoutazama wajukuu zetu kwenye simu. Ulikuwa huu ambao siku hizi wasichana wanauita netiboli. Ukishika mpira hukimbii nao. Unasimama, unamtafuta mwenzako, unampa. Wanaoruhusiwa kufunga ni wawili tu kila upande, na mbele ya mfungaji husimama mlinzi, mkono juu, umbali wa hatua moja, bila kumgusa.

Mimi nilikuwa mlinzi. Nalisema mapema kwa sababu kuna ubishi mmoja nataka kuumaliza, na sioni mtu mwingine aliye hai mwenye haki ya kuumaliza. Ubishi ni huu: kati ya Agripina wa shule yetu ya misheni huku mlimani na Mwanaidi wa shule ya mjini Moshi, nani alikuwa mkubwa zaidi katika fainali? Wakati wa Mwingereza, mwanzoni mwa miaka ya hamsini, wasichana waliligombania swali hilo kwenye mifereji wakiteka maji. Hata mama zetu, ambao hawakujua mabao yanahesabiwaje, walikuwa na upande.

Wenzangu mliolala mabweni ya misheni mtanielewa nikisema baridi ya Juni. Ukungu ulishuka hadi kwenye migomba, na uwanja wetu wa udongo mwekundu ulikuwa mgumu na baridi kama sahani ya bati. Tulicheza peku. Visigino vilipasuka tukavipaka mafuta ya kupikia tuliyoyaiba jikoni, kisha bweni zima likanuka kitunguu. Magauni yalikuwa ya marekani, yamefika chini ya goti kwa amri, na ukinyoosha mkono kuzuia mpira, kwapa linachanika, jioni unashona. Mpira wenyewe ulikuwa wa ngozi, umefungwa kwa kamba kama kiatu. Mvua ikiulowesha ulikuwa mzito kama mtoto wa miezi sita. Baba yangu, ambaye maisha yake yote yalikuwa kahawa na kihamba, shamba lake la migomba, alikuja kututazama mara moja, akasimama pembeni na kofia yake mkononi, halafu akaniuliza kama huo mpira ukiiva unaliwa.

Agripina alikuwa mrefu. Baba zetu walikuwa majirani, kihamba chao na chetu vilitenganishwa na mfereji tu, na tangu utotoni alikuwa akitundika kikapu cha kuchumia kahawa kwenye mgomba na kurushia humo ndizi mbichi za mshare. Mama yake alimchapa kwa ajili ya ndizi zile. Alipokuja shuleni hakuwa na la kujifunza. Alishika mpira kwa mikono miwili, akauinua juu ya paji la uso, akauachia, na uso wake haukubadilika, ukipita au usipopita.

Mwanaidi alikuwa mfupi. Baba yake alikuwa fundi cherehani, mtu wa Pangani aliyepanda na reli akaoa Mpare, na duka lao lilikuwa karibu na soko. Alijifunzia humo dukani, kwa mpira wa vitambaa aliousokota kwa mabaki ya nguo za wateja, akiurusha kwenye kikapu kilichokaa juu ya kabati. Ndiyo maana mpira wake ulipanda sana. Alirusha kwa mkono mmoja, kutoka kifuani, ukapaa kama unaelekea Kibo, ukakaa huko ukifikiri, halafu ukaanguka katikati ya pete. Kumzuia kulikuwa kazi ya kijinga. Unanyoosha mkono, yeye anakutazama tu, anasubiri mkono uchoke. Ukichoka, anarusha.

Mechi za kawaida zilianza Februari, tukichezea kati ya mvua na mvua. Katika mechi hizo Mwanaidi hakuwa na mpinzani. Alitufunga kwetu, akatufunga kwao. Lakini fainali ilikuwa Juni, kabla ya likizo, timu mbili zilizoongoza zikigombea kikombe, na hapo mambo yaligeuka.

Fainali ya kwanza ilichezewa huku kwetu. Walipanda na lori la kahawa, wameshikana viuno, wanaimba. Tukawashinda vizuri. Agripina alifunga mabao mengi hata tukasahau kushangilia, na Mwanaidi akawa kama mtu aliyemtuma mdogo wake aje kucheza. Alikosa mipira ambayo Machi angeifunga amefumba macho. Wakati wa mapumziko tulizungusha machungwa yaliyokatwa. Wenzake wengi walichukua, yeye na wengine wawili wakatikisa kichwa, wakaenda kukaa chini ya nguzo. Mchezo ulipokwisha mama zetu walitoa chai na kiburu. Wenzake wakala na kulamba vidole. Mwanaidi alipokea kiburu chake kwa mikono miwili, akamwambia mama yangu shikamoo na asante, kisha akakifunga kwenye leso.

Tulisema anaringa. Tulisema mtoto wa mjini ameona ndizi na maharage, akadhani chakula cha mbuzi. Ndipo ukatungwa wimbo, na mtunzi, Mungu anisamehe, ni mimi: "Mwanaidi wa Machi, Juni umekwenda wapi?" Tuliuimba mwaka mzima. Tuliuimba tukipalilia kahawa ya misheni, tukaufundisha hata watoto wa darasa la pili.

Mwaka uliofuata fainali ilikuwa mjini, kwenye uwanja wa vumbi si mbali na reli. Safari hii walikaza. Dakika ya mwisho tulikuwa tumewazidi bao moja, na mpira ukamfikia Mwanaidi chini ya pete, mimi nikiwa mbele yake. Nilinyoosha mkono. Akanitazama kama kawaida yake, akisubiri. Niliona midomo yake imekauka, imepata weupe pembeni, nikadhani ni hofu. Nikamwambia polepole, ili Sista aliyeshika filimbi asisikie, "Juni hiyo, Mwanaidi."

Akarusha. Mpira haukufika hata kwenye pete. Ulianguka mbele yangu, nikaudaka kama mtu anayepokea mtoto, na filimbi ikalia. Yeye alipiga magoti pale pale akainamisha kichwa, na sisi tukaanza kuimba.

Lori letu lilikawia, dereva alikuwa bado yuko Himo. Jua likawa linazama, mawingu yakaondoka na mlima ukajitokeza wote. Nilitoka nikanawe miguu kwenye bomba lililokuwa nyuma ya shule yao. Nikamkuta Mwanaidi amekaa juu ya jiwe kando ya bomba, kikombe cha bati kimejaa maji mkononi, na hanywi. Nilidhani ananisubiri ninywe kwanza. Nikamwambia anywe tu. Akatikisa kichwa. Nikanawa miguu, yeye akitazama paa za mjini. Halafu ikasikika adhana kutoka msikitini. Akafumba macho, akasema maneno yake, akanywa kile kikombe chote bila kupumua, akateka cha pili.

Nilimuuliza, "Ulikuwa umefunga?"

"Tangu alfajiri," akasema.

"Na mwaka jana?"

"Na mwaka jana."

Wenzangu, Kiswahili kina mizaha yake. Mwaka mzima tulikuwa tukiimba kwamba Mwanaidi hafungi Juni, kumbe Juni ndiyo alikuwa amefunga. Huku mlimani Waislamu walikuwa wachache, na mwezi wa Ramadhani ulipita kijijini kwetu bila mtu kuusikia. Lakini kufunga tulikujua. Tulikwenda misa bila kutia kitu mdomoni, na kila Jumapili msichana mmoja alianguka kanisani kabla ya komunyo, akabebwa nje. Hiyo ni asubuhi moja. Yeye alicheza saa kumi jioni, bila tone la maji, na mimi nilikuwa nimemwambia maneno yale usoni.

Nilimwomba radhi. Alisema wimbo ni mzuri, ila sauti yangu ndiyo mbaya.

Nikakaa na jambo lile miezi kadhaa kabla ya kumwambia Agripina, maana niliona aibu, na pia, niseme kweli, nilipenda kikombe. Nilimwambia likizo ya Krismasi, tukiosha kahawa kwao. Aliendelea kukoroga mikono ndani ya maji mpaka nikadhani hakunisikia. Mwishoni akauliza, "Hata chungwa?" Nikasema hata chungwa.

Mwaka wa tatu Agripina akawa kiongozi wa timu, na tarehe ya fainali ilipobandikwa ukutani alimuuliza mpishi wa misheni, ambaye mke wake alitoka Kahe na kuwa na ndugu Waislamu, Ramadhani inaisha lini. Mwezi ule hurudi nyuma kila mwaka. Safari hii fainali iliangukia siku chache tu kabla ya Idi. Agripina akaja bwenini akatuambia anakwenda kwa Sista Mkuu kuomba mechi isogezwe wiki mbili.

Timu nzima ilimgeukia. Walimwambia tukishinda mara ya tatu kikombe kinabaki kwetu moja kwa moja, na yeye anataka kukipeleka mjini kwa mikono yake. Mmoja alisema ana ndugu mjini wamemhonga sukari. Agripina aliwasikiliza wote, amekaa kitandani, magoti yake marefu yamefika kidevuni.

"Nataka kumshinda Mwanaidi aliyekula," akasema. "Huyu mwingine nimeshamshinda mara mbili, sijaona faida yake."

Mimi ndiye niliyefuatana naye. Sista Mkuu alikuwa mzungu mwembamba, mpole kwa sauti na mgumu kwa kila kitu kingine. Alisema tarehe imekwisha pangwa, lori limeombwa. Agripina akamuuliza kama angekubali sisi tucheze fainali Ijumaa Kuu. Sista akainua kichwa. Akamtazama, akanitazama mimi, nikaona sakafu ni nzuri zaidi kuitazama. Kisha akavuta karatasi akaandika barua kwa mwalimu mkuu wa shule ya mjini, akatupa tuipeleke kwa dereva kabla hajabadili nia.

Basi ikachezwa baada ya Idi, huku kwetu, kukiwa na ukungu na watu wengi kuliko nilivyowahi kuona pale. Mwanaidi aliposhuka kwenye lori alimfuata Agripina moja kwa moja. Barua ilikuwa imesomwa kwao mbele ya shule nzima. Hawakukumbatiana; siku zile watu hawakukumbatiana ovyo. Mwanaidi alisema, "Nimekula vizuri." Agripina akamjibu, "Afadhali. Usije ukaniletea sababu."

Agripina alicheza mchezo wake bora wa maisha. Naapa. Lakini wakati wa mapumziko nilimwona Mwanaidi amekaa kati ya wenzake anakamua chungwa la pili, maji yanamtiririka mpaka kwenye kiwiko, na nikajua tumekwisha. Kipindi cha pili sikumzuia hata mara moja. Nilinyoosha mkono mpaka bega likawaka moto. Alinitazama, akasubiri, akarusha. Mpira ulipotelea kwenye ukungu, nikawa nausikia tu ukianguka nyuma yangu. Walitushinda kwa mabao manne. Wasichana wetu walilia, na baadhi hawakusema na Agripina mpaka likizo. Yeye alibeba kikombe mwenyewe, akampelekea Mwanaidi kwenye lori.

Sasa hukumu. Wanaohesabu vikombe husema Agripina ni viwili na Mwanaidi ni kimoja, mambo yamekwisha. Mimi niliyesimama mbele ya mmoja na nyuma ya mwingine nasema Mwanaidi ndiye alikuwa mkubwa, na si kidogo. Alifika dakika ya mwisho ya fainali akiwa na njaa ya siku nzima, akahitaji bao moja tu. Aliyeshiba hakuzuilika. Sibahatishi.

Mwanaidi alirithi cherehani ya baba yake, akatushonea magauni ya harusi sote wawili. Agripina akawa mwalimu, akawafundisha mpira mabinti wa vijiji vyetu miaka thelathini. Mtu akimsifia vikombe vyake viwili alikuwa na jibu moja, na alilisema bila uchungu, kama mtu anayetaja umri wake. "Fainali tuliyocheza ni moja," alisema. "Moja kwa sifuri. Sifuri ni mimi."

Tulimzika masika iliyopita. Mwanaidi alipanda kutoka mjini kwenye gari la mjukuu wake, akakaa nami juu ya mkeka, na mwanakwaya kijana aliposoma maisha ya marehemu akataja vikombe viwili. Mwanaidi akaninong'oneza kwamba kijana amekosea, ni vitatu.

Wajukuu zangu nao wana ubishi wao kuhusu Wamarekani wawili, nani mkubwa zaidi mechi za mwisho zikifika. Wana kila kitu: wanajua mabao, wanajua dakika, wanaweza kurudisha picha nyuma na kutazama mpira ukipita kwenye wavu mara kumi. Pete za ubingwa wanazihesabu kama bibi harusi anavyohesabu mahari. Siku moja niliwauliza kama kuna kati ya hao wawili aliyewahi kuomba mechi isogezwe ili mwenzake ale. Walicheka sana, wakasema, bibi, hiyo haipo kwenye takwimu. Wakarudi kwenye simu zao, nami nikatoka nje kutazama Mawenzi, bega la kulia likiniuma, kama linavyoniuma kila Juni.