Maboza Kumi

"Huyu hesabu zimemkataa. Mpelekeni gereji mapema, angalau ashike spana."

Hayo aliyasema Mjomba Festo, kaka yake mama, mdomo umejaa chapati niliyotumwa mimi kumnunulia. Nilikuwa darasa la sita, Temeke. Leo nina stashahada ya uhandisi wa maji, nimefanya kazi miaka kumi na moja Muscat, nimerudi, na nimejenga Pugu nyumba yenye bwawa la kuogelea. Nasema wazi, sioni sababu ya kuficha. Lakini kila nikifungua kopo la klorini, ile harufu inayochoma pua inaniondolea majigambo yote. Narudi kuwa mtoto wa miaka kumi na miwili kando ya bwawa la watu, Mikocheni, natamani ardhi ipasuke inimeze.

Baba alitunza bustani na bwawa nyumbani kwa Mama Sakina, mjane wa Kihindi mwenye duka la vitambaa. Likizo ile bwawa lilikuwa limekaushwa ili Mjomba Festo, fundi vigae, abandue vilivyolegea na kuweka vipya. Mimi nilikuwa nikimfuata baba kazini, nikishinda ndani ya chumba cha pampu kwenye makopo ya dawa. Ukutani mle kulikuwa na mistari minane ya mkaa. Nilidhani ni ya kuhesabia makopo.

Mabomba ya mtaa yalikuwa makavu wiki ya tatu, kwa hiyo bwawa lingejazwa na maji ya kununua, yanayoletwa kwa boza, kila boza lita elfu kumi. Wajukuu wa Mama Sakina walikuwa wanafika Jumamosi. Ijumaa asubuhi akatoka na kikombe chake cha chai, akauliza yahitajika maboza mangapi.

Sijapata kuona watu wazima wakibahatisha namna ile. Mjomba alifumba jicho moja kama anayelenga ndege kwa manati. "Kumi na mbili, mama. Hapana... sita." Dereva wa boza, ambaye ndiye muuzaji, akasema bila aibu kumi na tano. Baba alitazama upande wa chumba cha pampu, akafungua mdomo. Sikumpa nafasi.

"Shikamoo Mama Sakina. Mie naweza kuipiga hiyo hesabu."

"Wewe?" Mjomba akacheka. "Wewe uliyepunjwa chenji ya vitumbua ukasema asante?"

Nikachukua futi yake ya utepe nikapima. Urefu mita kumi, upana mita tano. Kina sikukipima. Ukingoni, upande wa mbali, palikuwa pameandikwa namba 2 kwa rangi ya buluu, na mimi nilikuwa na haraka ya kuwanyamazisha watu. Kumi mara tano mara mbili, mia moja. Lita laki moja.

"Maboza kumi," nikatangaza.

Mjomba alikuwa anajifuta machozi ya kicheko. Mama Sakina akamgeukia baba. "Ni kweli?"

Baba alinitazama mimi, akamtazama shemeji yake.

"Mtoto kasema kumi, mama. Agiza kumi."

"Na yakizidi?"

"Yakizidi, juu yangu."

Boza la nane lilipomaliza kumwaga, maji yalikuwa yanapanda ukingoni na kuloanisha viatu vya Mama Sakina. Nje ya geti maboza mawili yalikuwa yanapiga honi.

"Nikayarudishe wapi sasa, mzee? Kisimani?" dereva akamuuliza baba.

Mjomba Festo akavua viatu. Alizunguka hadi upande wa karibu, akaingia bwawani na suruali yake ya kazi, akasimama. Maji yalimfika kiunoni.

"Profesa! Njoo unisomee. Na huku nako ni mita mbili?"

Walinzi na wadada wa kazi wa mtaa mzima, waliokuwa wamekuja na ndoo kukinga maji ya bure, walicheka mpaka ndoo zikawaponyoka. Maboza mawili yalikatwa kwenye mshahara wa baba, na Krismasi ile tulikula wali na maharage. Baba hakunigombeza. Aliniambia tu, "Utairudia hiyo hesabu mpaka ikukubali." Kila jioni akaniwekea daftari mezani, na hakuna aliyethubutu tena kutaja gereji mbele yake.

Nami nilikasirika, tena sikumkasirikia mjomba, nilimkasirikia baba. Mtu amelitunza bwawa miaka sita, atashindwaje kujua linachukua kiasi gani? Muscat niliwasimulia wenzangu kisa hiki mara nyingi, na mwisho wake ulikuwa uleule wa kuchekesha: baba yangu mshamba aliyemwamini mtoto.

Mwezi uliopita nilijaza bwawa langu. Nimelichimba kumi kwa tano, kwa ubishi tu. Nikamkuta mlinzi wangu anachora mkaa kwenye ukuta mpya.

"Unanichafulia ukuta kwa nini?"

"Naweka alama, bosi. Boza moja, mstari mmoja. Bila hivyo dereva atakwambia kaleta tisa kumbe nane. Na mwakani ukiniuliza, nakujibu hapohapo."

Nilisimama pale na hasira yangu yote, nikiitazama ile mistari. Ilikuwa minane.

Nilimfuata baba Temeke, nikamleta, nikamketisha kando ya bwawa na fimbo yake.

"Baba, kumbe ulijua ni manane?"

"Niliyapokea mwenyewe mwaka wa nyuma yake. Nitaachaje kujua?"

"Mbona ukanyamaza?"

"Festo alikuwa anacheka," akasema. "Ningesema nane, ningekuwa nimesimama naye, nawe ungekwenda gereji."

Diploma yangu ipo ukutani, imewekewa fremu, na nilizoea kusema niliipata kwa jasho langu peke yangu.

Nikampigia dereva alete mengine mawili. "Lakini limejaa, bosi, yatakaa wapi?" Nikamwambia asimame nje ya geti afungue mpira. Mtaani kwetu mabomba yalikuwa makavu tangu Jumatatu. Majirani walifika na ndoo kabla hajazima injini.

"Hayo nayo niyachoree?" mlinzi akauliza.

"Yachoree," baba akajibu kabla yangu. "Mtoto kasema kumi."