Kaka Yangu na Mnyama Aliyekwama Topeni

Kaka yangu Alwin Pohlmann alizaliwa katika chumba cha nyuma cha nyumba hii, akalala chumba hicho hicho miaka sabini na moja, isipokuwa wiki mbili za jeshini, ambako walimrudisha kwa sababu ya miguu bapa. Hakuoa. Aliwahi kuchumbia mara moja, msichana wa posta, lakini msichana akaolewa na mtu aliyekuwa akiuza mitambo ya upepo ya kuvuta maji. Alwin akanunua mmoja kwa mtu huyo. Unafanya kazi mpaka leo.

Naandika haya kwa sababu siku ya mazishi mchungaji wetu alisema mambo mawili tu juu yake: kwamba alikuwa mkulima, na kwamba aliupenda udongo. Yote ni kweli, lakini hata nyungunyungu angeweza kusifiwa hivyo.

Kazi aliyoijua Alwin kuliko kazi zote ilikuwa kuvuta ng'ombe topeni. Ukame ukija, dimbwi la kijito chetu cha Tarrabel hupungua na kingo zake huwa tope jeusi zito. Ng'ombe huingia kunywa na hawatoki. Kila asubuhi Alwin alikwenda na trekta, koleo na mnyororo. "Usimvute kwa shingo," alinifundisha nilipokuwa na miaka tisa. "Chimbua miguu kwanza. Ng'ombe aliyekwama haanguki, anasimama." Usipomfikia hufa wima. Mbwa mwitu na kunguru hula kilicho juu, na miguu hubaki chini kama nguzo za ua. Huku kwetu kila mtu anajua hivyo.

Mwaka wa tatu wa ukame huu wa mwisho dimbwi lilikauka kabisa, jambo ambalo baba hakuwahi kuliona, wala babu. Siku moja Alwin alirudi kwa chai ya saa nne akiwa amebeba kitu ndani ya kofia. Akakiweka mezani kando ya siagi.

"Nini hicho?" nikamwuliza.

"Kipande cha taya."

"La nani?"

"Si la kwetu."

Kilikuwa na meno matatu, kila jino kubwa kuliko kiberiti. Alwin alimaliza chai yake, akala skonzi ya pili, ndipo akapiga simu kwenye jumba la makumbusho mjini.

Ndivyo alivyokuja Dakta Annick Vella, na wanafunzi wanne na hema. Jumapili Alwin alimtambulisha kanisani kuwa ni daktari wa mifupa, na bibi Trudi Kuss akamwonyesha goti lake. Dakta Vella aliliangalia kwa adabu, akasema samahani, ni la siku hizi mno, hawezi kusaidia.

Alituambia mnyama wetu ni ndugu wa wombati, yule mnyama mnene wa huku kwetu anayechimba mashimo, mwenye mfuko wa kubebea mtoto kama kangaruu, ila mkubwa kama kifaru, na kwamba ametoweka duniani yapata miaka elfu hamsini. Mimi ni mtu wa Biblia. Nikamwambia hesabu hiyo siwezi kuipokea mezani kwangu.

"Basi daktari, tukanywee chai nje," Alwin akasema, akabeba vikombe viwili. Kuhusu jambo hilo msimamo wake ulikuwa mmoja: "Mimi sikuwepo. Na dada yangu Noelene hakuwepo. Mnyama ndiye alikuwepo, tumsikilize yeye."

Wakachimba miezi miwili. Wakatoa fuvu, mbavu, na uti wa mgongo karibu wote. Miguu hakuna.

"Maji yamechukua miguu, mzee Alwin," daktari akasema. "Hutokea."

"Maji yachukue miguu, yaache mbavu?"

"Hutokea."

"Huyu alikwama, daktari. Miguu iko chini yake. Imesimama."

"Tumeshuka nusu mita chini ya mbavu, mzee wangu. Ni udongo mtupu."

"Shuka mita moja tena."

Daktari alitazama kalenda. Alikuwa na siku nne kabla wanafunzi hawajarudi kwenye mitihani, na siku hizo nne wakachimba kuelekea kando, kufuata mkondo wa maji ya zamani. Hawakupata kitu. Wakafunga hema, wakaahidi kurudi mwaka ujao.

Mwaka ujao haukuwa mikononi mwa Alwin. Mwezi wa nane daktari wa watu walio hai alimwonyesha picha ya mapafu yake, akasema labda Krismasi, labda kabla. Tuliporudi garini nilimwuliza anawaza nini.

"Mita moja tu," akasema.

Nikadhani anazungumzia kaburi. Nikamwambia kaburi ni karibu mita mbili. Akaniangalia kama mtu asiyejua tumefikaje huko.

Kesho yake akaanza kuchimba peke yake. Alitaka kuifikia ile miguu kabla ya mvua, kwa sababu kijito kikifurika shimo litajaa, na kabla ya hilo jingine. Mimi nilitaka aje kanisani, akae na mchungaji, ajiandae. Nilisema maneno makali ambayo sasa ningependa kuyarudisha.

"Unakufa, Alwin, halafu unachimba shimo!"

"Watu wengi huchimbiwa," akasema.

"Lakini ya nini yote haya? Si wana fuvu? Si wana mbavu?"

"Ukimvuta ng'ombe nusu, hujamvuta."

Ilipofika mwezi wa kumi hakuweza tena kuinua koleo. Alikuwa na mtungi wa hewa wenye magurudumu madogo, ambayo hayakutengenezwa kwa ajili ya shamba. Alikuwa ameshuka sentimita sabini. Redio ikatangaza dhoruba kwa wiki iliyofuata. Nikavaa glavu za bustani za marehemu mama, nikashuka shimoni mimi. Alwin aliketi ukingoni kwenye kiti cha jikoni, akitoa amri.

Sasa nifike kwenye jambo ambalo bado linasemwa hapa. Kwa miaka mitatu, kila Jumapili, mwanamke mmoja kanisani kwetu aliongoza sala ya kuomba mvua. Tulikwenda kwa zamu. Jumamosi ile, kwenye chai, Alwin akaniuliza:

"Kesho si zamu yako?"

"Yangu."

"Mnaomba mvua?"

"Kwani kwa miaka mitatu ulidhani tunaomba nini?"

"Omba ije baada ya Jumatano."

"Alwin, Mungu si fundi bomba."

"Sisemi asilete. Nasema achelewe. Amechelewa miaka mitatu, siku chache ni nini?"

Nikamwambia hiyo ni kufuru. Akasema sawa, akamimina chai.

Jumapili nikasimama mbele ya watu, wengi wao wameuza nusu ya mifugo yao, wengine wameuza yote. Nilikuwa nimeiandaa sala kwenye karatasi. Nikafumba macho na kusema, "Bwana, utuletee mvua." Hapo nilikusudia kusema amina. Nikasema, "Kuanzia Alhamisi."

Amina zilikuja moja moja, kama watu wanaoshuka ngazi wasiyoijua.

Nje, Des Garvey alinikamata kabla sijafika kwenye gari. Des ni jirani yetu wa upande wa kaskazini, na ng'ombe wake walikuwa wamebaki ngozi na macho.

"Noelene, siku hizi unampangia Mungu ratiba?"

"Ni siku nne tu, Des."

"Ng'ombe wangu wanalamba matope, na wewe unamwambia Mungu amsubiri panya wa Gharika!"

"Si panya. Ni ndugu wa wombati."

"Wombati ni panya aliyeshiba," akasema, akaondoka bila kuaga.

Niliona aibu, na sikuifuta sala ile. Yote mawili ni kweli.

Jumatatu kabla ya saa sita koleo likagonga kitu. Alwin, kule juu, aliisikia sauti.

"Weka koleo chini. Tumia mikono."

Nikaondoa udongo kwa vidole. Kwanza ulitokea mfupa mnene uliosimama wima kama nguzo ya lango. Nikaufuata kwenda chini, na chini yake kulikuwa na mifupa mingi midogo ya kiganja, na vidole, vyote mahali pake, vimekanyaga. Mnyama alikuwa bado amekanyaga.

"Mguu umesimama," nikamwambia.

Nikapanda kuangalia kama yu mzima. Alikuwa anafuta miwani.

"Mpigie daktari," akasema.

Dakta Vella akaniambia kwenye simu kwamba ataanza safari kesho kutwa, na nisiuache mguu ule wazi. Alinieleza la kufanya: kuufunika kwa karatasi za chooni zilizoloweshwa ili plasta ya unga waliyoiacha wanafunzi isishike mfupa, halafu vipande vya gunia vilivyochovywa kwenye plasta, tabaka juu ya tabaka. Nilitumia karatasi zote zilizokuwa ndani ya nyumba. Kwa siku mbili zilizofuata tulikuwa na shida ambayo sitaieleza.

Kabla sijafunika, Alwin alishuka nusu ya njia, mtungi wake nikiwa nimeushika mimi, akauchunguza mguu kama anayetaka kuununua. "Wa mbele," akasema. "Wa kushoto. Tazama vidole vinavyoelekea nje." Plasta ilipokauka nikaandika kwa penseli: MBELE, KUSHOTO.

Jumanne, baada ya chakula cha mchana, mawingu yakapanda juu ya vilima. Hayakuwa na habari za Alhamisi. Nilikuwa chini nikichimbua pembeni mwa ule mguu mmoja, ambao kwa plasta yake ulikuwa mzito kama ndama, nikasikia trekta. Alikuwa Des, na mnyororo.

"Ratiba yako haikufika mbinguni," akasema.

"Nisaidie, Des."

"Kwani nimefuata nini? Nimeona toka barabarani kuna kitu kimekwama."

Mvua ikaanza kwa matone makubwa. Alwin hakukubali kwenda garini.

"Usivute juu, Des! Chimbua chini kwanza!"

"Nikufundishe na wewe kukaa kimya, mzee? Nimevuta ng'ombe kabla hujaota meno ya bandia!"

"Ulivivuta vichwa tu, miili ukaiacha!"

Tukachimbua chini. Tukaingiza ubao chini yake, tukafunga mnyororo kwenye ubao, na Des akavuta polepole kuliko nilivyowahi kumwona akifanya jambo lolote. Mguu ulikuwa juu ya ukingo kwa muda usiofika robo saa maji yalipokuja, rangi ya chai, yamebeba matawi na nguzo za ua wa mtu. Shimo likajaa tukiangalia. Miguu mingine mitatu ilibaki humo.

Des alisimama mvuani bila kofia, uso juu. Kama alikuwa akilia sikuweza kujua. Alwin aliweka mkono juu ya plasta.

"Sasa amevutwa?" nikamwuliza.

"Robo." Akapumzika ili apate pumzi. "Lakini alikuwa amesimama."

"Alikuwa amesimama, kaka."

Alifariki tarehe kumi na tisa ya mwezi uliofuata, asubuhi, katika chumba chake. Jumapili iliyotangulia alipokea Meza ya Bwana kitandani. Nilikuwa nimeomba hilo miaka mingi, na nashukuru. Mchungaji alipomaliza, Alwin alimwuliza ni nani atakayechimba kaburi, na kama anajua udongo mweusi. Mchungaji akasema atauliza.

Dakta Vella alikuja mazishini. Hakujua lini asimame na lini aketi, akawa anamfuata bibi Trudi, ambaye kwa sababu ya goti hakusimama hata mara moja.

Mwezi wa pili aliniandikia. Walikuwa wamefungua plasta, na mfupa ulikuwa salama, karatasi zilifanya kazi yake. Ni mguu wa mbele, kama Alwin alivyosema, na mnyama alikwama akiwa hai, kama Alwin alivyosema. Kosa lilikuwa moja. Vidole vya wanyama hawa, akaandika, vilielekea ndani, si nje kama kwato za ng'ombe, kwa hiyo mguu huo ni wa kulia. Aliniomba radhi kwa kulisahihisha neno nililoliandika.

Alwin alikufa akijua kwamba ni wa kushoto, na sikupata nafasi ya kumwambia. Naamini huko aliko wameshamweleza. Naamini pia kwamba bado anabisha.