Fundi Aliyejibu Kuwa Mzima

Mkaguzi wa bima alifika kwa fundi cherehani saa nne asubuhi, akasimama mlangoni na faili kwapani.

"Mzima, fundi?"

"Mzima. Karibu ndani."

Wiki tatu baadaye ilikuja barua. Mdai, ilisema, amekiri kwa kinywa chake kuwa ni mzima, na mikono yake, ambayo ndiyo anayofanyia kazi, haina kasoro. Angelipwa gharama za hospitali, basi.

Fundi ana miaka hamsini na miwili, na kwa nusu ya miaka hiyo ameshona sare za shule kwa cherehani ya kukanyaga. Lori lilihama njia likamfuata pembeni mwa barabara, akiwa na mfuko wa vifungo mkononi, likamsaga mguu wa kulia. Tangu hapo, kuanzia goti kushuka chini hahisi kitu. Mguu usiohisi haujui pedeli imefika wapi. Gurudumu hurudi nyuma, uzi hukatika. Cherehani sasa imefunikwa shuka. Kiti cha wateja amempa jirani, maana kilikuwa kinakaa bure.

Barua alisomewa na mpwa wake, karani kwa wakili.

"Mjomba, hii adabu yako itatuponza. Mtu wa bima anakusalimu, nawe unamjibu kama mko harusini."

"Ningemjibuje? Kanisalimia."

"Ungesema mgonjwa."

"Mgeni hata hajakaa?"

Mpwa alicheka peke yake. Akaandika rufaa, na fundi akapangiwa siku ya kuonana na daktari mwingine. "Siku hiyo usijibu salamu ya mtu," alimwonya. "Hujui nani ni nani pale."

Kwenye benchi la kusubiria, mama mmoja mwenye magongo alimsogelea.

"Habari za asubuhi, baba? Mzima?"

Fundi alitazama ukuta. Kwa miezi minane tangu ajali, zaidi ya mpwa wake na huyo mkaguzi, hakuna aliyekuwa amemuuliza hivyo. Mama alingoja kidogo, kisha akavuta magongo yake akahamia mwisho wa benchi.

Daktari hakumsalimu. "Kazi?" aliuliza bila kuinua kichwa.

"Kushona."

"Mikono inakusumbua?"

"Daktari, mimi nashona kwa miguu."

Kalamu ikasimama. Fundi akamwonyesha palepale kitini: unyayo wa kushoto ulipanda na kushuka sakafuni, wa kulia ukalala kama umesahauliwa na mwenyewe. Daktari akachukua sindano, akamvua kiatu, akamchoma mara nne.

"Umeshaanza?" fundi aliuliza.

Daktari alirudi mezani. "Hapa wameandika ulisema u mzima."

"Ilikuwa salamu."

Daktari akaukata mstari ule, akaandika aya ndefu. Hawezi tena kazi yake, aliisoma kwa sauti. Fidia ikokotolewe upya.

Fundi alitoka akichechemea haraka. Benchi lilikuwa tupu.

"Yule mama wa magongo?" alimuuliza mlinzi.

"Keshaondoka. Ndugu yako?"

"Hapana. Alinisalimia, sikumjibu."

Mlinzi akamtazama. "Basi nijibu mimi. Mzima?"

Fundi aligeuka kwanza kuangalia kama mlango wa daktari umefungwa.

"Mzima," alisema, kwa sauti ya chini.