Kukalia Daftari la Bibi

Niliingia nyumba ile ya Jeddah Jumatano, tarehe 12 Machi 2014, saa nne asubuhi, nikiwa na begi moja na umri wa miaka arobaini na mitatu. Nilikuwa mjane wa miaka mitano. Kusoma nilijifunza nikiwa na miaka thelathini na sita, katika darasa la watu wazima, nikikunja magoti chini ya madawati ya watoto. Tangu hapo huandika tarehe ya kila jambo, kwa sababu miaka yangu ya kwanza ilipita bila kuandikwa na mtu yeyote.

Kazi yangu ilikuwa kumtunza mama mzazi wa kafili, mwajiri aliyenidhamini. Alikuwa Mrusi, nami nilimwita Bibi. Marehemu mumewe, daktari wa Shamu aliyesomea Urusi, alimwoa na kumleta Uarabuni. Kabla ya ndoa, Bibi alikuwa mwigizaji. Jambo hilo lilihesabiwa aibu, halikutajwa kamwe. Wageni waliambiwa kwamba alifundisha muziki. Mimi nililijua siku ya tatu, kwa sababu ya chai.

"Rudi mlangoni," aliniambia kwa Kiarabu kibovu kama changu, ndiyo maana tulielewana. "Unabeba sinia kama mtu anayekimbia moto."

"Nimebeba sinia tangu utotoni, Bibi."

"Mimi nimelibeba miaka saba, na watu walikata tiketi kunitazama. Rudi!"

Nilirudi mlangoni mara nne. Chai ikapoa.

Alipanda jukwaani akiwa na miaka kumi na tisa, katika mji ulio kando ya mto mkubwa ambao, wakati wa baridi, malori yalipita juu ya maji yake yaliyoganda. Kwa miaka saba aliigiza mtumishi mwenye maneno matatu: chai iko tayari. Siku mwigizaji mkuu alipougua, Bibi, aliyekuwa amekariri maneno ya kila mtu, alivaa gauni la mgonjwa lililombana, na hakulishika sinia tena. Sasa jukwaani alikuwa mjane anayemngoja mwanawe kwenye kituo cha treni. Nafasi hiyo aliishika miaka kumi na mmoja. Filamu zake zilikuwa nne tu. Katika ya mwisho alionekana akila tufaha dirishani, bila kusema neno. "Tufaha lilikuwa la nta," aliniambia. "Nami nikalitafuna, kwa vile nilikuwa na njaa."

Nilipomkuta, kumbukumbu yake ilikuwa imeanza kuchakaa. Alitaka jambo moja: kuyasema maneno ya yule mjane mwanzo hadi mwisho, bila kukwama, kabla hayajamtoka yote. Alihitaji mtu wa kumnong'onezea pale anaposahau. Kwa hiyo, kuanzia tarehe 1 Juni 2014, alinifundisha herufi za kwao, na maneno yote akayaandika upya kwa herufi kubwa katika daftari la kijani. Nilisoma sauti bila kujua maana. Aliyejifunza kusoma ukubwani mara moja haogopi mara ya pili.

Kila mara alikwama ukurasa wa kumi na moja. Hata hivyo alichagua siku: Ijumaa, tarehe 19 Februari 2016, siku na mwezi alipolivaa lile gauni la mgonjwa.

Jumanne ya wiki hiyo, baada ya swala ya alasiri, daftari lilinidondoka. Niliinama kuliokota.

"Usiliguse!" Bibi alipiga kelele. "Likalie kwanza!"

"Nilikalie?"

"Maneno yakianguka, mwigizaji huyakalia hapo hapo, ndipo huyaokota. Bila hivyo igizo litaanguka. Magoti yangu hayafiki chini. Keti wewe!"

Niliketi sakafuni juu ya daftari. Bibi alicheka, nami nikacheka, na ndivyo madam, mke wa kafili, alivyotukuta, akiwa na wageni wawili nyuma yake. Katika nyumba ile hata kipande cha gazeti hakikuachwa chini, kisije kikawa na jina la Mungu.

"Ya Allah! Unakalia maandishi?"

Bibi alifungua kinywa. Nikaona kwamba angeeleza, na kwamba wageni wangeondoka na siri ya miaka yote ile. Nilimtangulia.

"Niliketi bila kutazama, madam."

Bibi akanitazama kidogo. Kisha akanyoosha mabega na kuitoa sauti tumboni, kama alivyonifundisha. "Hana adabu huyu! Mwondoeni mbele yangu!"

Nilijua anaigiza. Aliigiza vizuri mno hivi kwamba madam alimwamini.

"Halas, imetosha," madam alisema. "Jumamosi unakwenda Riyadh, kwa dada yangu. Na chumba hiki usikiingie tena."

Mimi, mjane wa seremala ambaye mji mzima ulimwamkia, niliitwa asiye na adabu mbele ya wageni. Lakini kilichoniuma zaidi kilikuwa Ijumaa. Nani angemnong'onezea?

Ijumaa wanaume walikwenda msikitini. Nilikuwa jikoni na madam, nikimenya viazi, sauti ya Bibi ilipoanza nyuma ya mlango uliofungwa.

"Anasema na nani?" madam aliuliza.

"Na mwanawe wa kituoni, madam."

Nilihesabu kurasa kwa masikio. Tisa. Kumi. Kumi na moja, na kimya. Nikiongea, madam angejua kwamba nalijua daftari lile; uongo wangu ungefichuka, na siri pamoja nao. Nilikiweka kiazi chini, nikaenda mlangoni, nikaisema ile sentensi kwa sauti, kwa Kirusi, kama ilivyoandikwa.

Sauti ya ndani iliipokea, ikaendelea. Madam alikuwa amenifuata na mwiko mkononi. Hakunihimiza kwa yalla yake ya kila siku. Aliketi kwenye kiti cha ukumbini akasikiliza mpaka mwisho, karibu robo saa.

"Rudi kwenye viazi," alisema hatimaye bila kunitazama. "Kesho unaondoka vilevile."

Niliondoka Jumamosi, Bibi akiwa bado amelala. Huko mtaa wa Al-Sulimaniyah, Riyadh, nilikaa miaka miwili katika chumba kilicho karibu na mashine ya kufulia. Madam mpya alisifu nilivyobeba sinia, asiulize nilikojifunzia. Kila tarehe 19 Februari, baada ya kazi za asubuhi, nilifunga mlango nikaisema sentensi ya ukurasa wa kumi na moja, ambayo sikupata kuuliza maana yake. Niliisema mara moja tu, kwa sauti ya kusikika upande wa pili, kisha nikangoja. Hakuna aliyeipokea.