Zimwi Alitoka Upande wa Mwea

Sisi tuliokulia Mukurweini kabla stima haijapanda vilima vyetu, zimwi tulimjua kabla ya kujua kusoma. Najua wengine wenu mtasema wa kwenu alikuwa na jicho moja, au mguu mmoja, na sitabishana. Mimi niliishia darasa la saba. Naandika yule wetu tu, kama nilivyomsikia, na pengine nimechanganya hadithi mbili tatu kuwa moja.

Yule wetu alikuwa kijana mzuri. Hapo ndipo ubaya wake ulipokuwa. Alikuja kwenye ngoma amejipaka mafuta, meno meupe, miguu safi kama hajawahi kukanyaga matope, na wasichana wote wakamtaka. Mdomo wake wa pili ulikuwa kwenye kisogo, umefichwa na nywele. Ule wa mbele ulikuwa wa kutongozea. Wa nyuma ndio uliokula, nzi na nyama mbichi na baadaye msichana mwenyewe. Na kila mara, katika hadithi zote, alitoka chini, kule bondeni kwenye joto na maji yaliyosimama. Cucu akifika hapo alinyoosha mkono kuelekea mlangoni, upande wa Mwea, nasi tukasogeleana.

Cucu ni nyanya yetu, mama ya baba. Alitusimulia jioni tu, jikoni, tukipukuchua mahindi. Mchana alikataa kabisa. Alisema hadithi ikisimuliwa mchana ng'ombe hupotea. Alianza kwa kuita, "Ugai itha!" nasi tukajibu, "Itha!" na asiyejibu hakupewa kiazi kilichokuwa kikichomwa jivuni. Nakumbuka moshi ukichoma macho, maganda ya mahindi yakikwaruza magoti, na harufu ya maziwa yaliyomwagika mahali fulani na kuungua. Kaka yangu Kariuki alikuwa haendi chooni baada ya hapo bila mimi. Yeye anasema ni mimi nisiyeenda bila yeye. Labda tulikuwa sawa.

Sheria za zimwi tulizijua vizuri kuliko Amri Kumi. Usimfuate mtu usiyemjua kwao. Mtazame akipewa chakula. Akikataa kula mbele za watu, au akigeuka aelekee ukutani, basi kuna mdomo mwingine anaouficha. Cucu hakutufundisha haya kama mchezo. Alikuwa na uso wa mtu anayemwonyesha mtoto mahali daraja lilipooza.

Sasa, baba alikuwa na dada mdogo, Tata Muthoni. Tata kwetu ndiye shangazi. Alikuwa amekaa nyumbani kupita wenzake, na watu wa Gakindu, sokoni kwetu, walikuwa wameanza kumwuliza Cucu maswali ya huruma, yale yanayouma. Tata alikuwa akipeleka ndizi Wang'uru, mjini kule Mwea, kuuza na kurudi na mchele. Huko ndiko alikompata Wafula, fundi wa mashine ya kukoboa mchele, mtu wa magharibi aliyehamia kwa sababu ya kazi. Alipomwambia Cucu kwamba atamleta Jumapili, Cucu aliuliza jambo moja tu.

"Anatoka wapi?"

"Mwea, mama."

"Watu wake?"

"Mbali. Upande wa Bungoma huko."

Cucu akaendelea kuchambua maharagwe. Mimi na Kariuki tulitazamana.

Wafula alifika baada ya kanisa. Nitasema ukweli kama nilivyouona: alikuwa mzuri sana. Shati jeupe, viatu vinavyong'aa licha ya barabara yetu ile nyekundu, na nywele nyingi zilizoshuka hadi kisogoni, kwa maana ndio uliokuwa mtindo wa wakati huo. Kariuki alinishika mkono akanibana mpaka nikalia. Ati yeye hakumbuki kubana. Sawa.

Kuku alikuwa amechinjwa. Mukimo, viazi na mahindi na maharagwe, ulikuwa umepondwa mpaka ukalainika. Cucu, ambaye hakuwa na Kiswahili kingi, alimwekea sahani ya kwanza, iliyojaa, akaketi mbele yake amtazame akila. Kwetu hiyo ndiyo heshima: mwenye nyumba anakaa, anaona umeshiba.

Wafula akaitazama sahani. Akatazama chini. Hakuigusa.

"Kula, kijana," Cucu akasema.

"Asante, mama." Wala hakuinua mkono.

"Chakula yangu iko na nini?"

"Haina kitu, mama. Ni nzuri." Akawa anatoka jasho. Akamtazama Tata Muthoni kama mtu anayezama. Kisha akageuza kiti polepole, akampa Cucu mgongo, akaelekea ukuta.

Hata Tata, nafikiri, kwa muda mfupi aliogopa. Cucu alisimama, akaichukua ile sahani kutoka magotini pa Wafula, akatoka nayo nje akaiweka juu ya kigogo karibu na migomba. Akasema kwa Kikikuyu, bila hasira, "Mwambieni akale huko." Kisha akatuita mimi na Kariuki kando.

"Zungukeni nyuma ya migomba. Mtazame kisogo."

Enyi wa rika langu, mnajua hofu hiyo? Mtu mzima, mama ya baba yako, anapoiamini hadithi aliyokusimulia yeye mwenyewe? Tuliambaa tukashika mgomba. Wafula alikuwa ameketi kwenye kigogo, peke yake, akila haraka haraka kama mtu aliyetoka nyumbani bila kunywa hata chai. Tulitazama kisogo mpaka macho yakauma. Upepo ukazipeperusha nywele. Kulikuwa na shingo tu, na kola iliyolowa jasho.

Kariuki alikimbia kutoa ripoti. "Cucu, anakula na mdomo wa mbele!"

Watu wazima walicheka, wale waliokuwepo. Cucu hakucheka. Alisema, "Leo," yaani leo ametumia wa mbele. Nanyi mnajua, kwa mtu anayeogopa, kila jibu linafaa.

Ndipo Tata Muthoni alipolia. Alisema, "Mama, kwao mwanamume hali mbele ya mama ya msichana. Ni aibu kwao. Anakuheshimu!"

"Kuniheshimu kwa kunipa mgongo?"

"Ndio hivyo kwao."

"Na mimi nitajuaje?"

Swali hilo nimelifikiria miaka mingi, na siwezi kusema Cucu alikosea kuliuliza. Alikuwa mjane. Msichana wake alikuwa anaondoka na mtu ambaye hakuna hata jirani mmoja aliyewajua baba na mama yake. Hakuwa na simu ya kupiga huko Bungoma aulize. Alichokuwa nacho ni hadithi, na hadithi ilimwambia waziwazi mahali pa kutazama. Alisema yule kijana akimaliza kula, aende, na asirudi.

Wafula alikuwa amerudi na sahani tupu mkononi, amesimama mlangoni, haingii. Nadhani alielewa kutokana na nyuso zetu. Kariuki, ambaye hakuwa na breki mdomoni, akamwuliza, "Wewe ni zimwi?"

Mama yangu akampiga kofi la begani. Wafula hakukasirika. Alifikiri kwanza. Akasema, akiangalia miguu ya Cucu na si uso wake, "Kwetu tunamwita linani. Nyanya yangu alinisimulia. Huyo linani anakaa mlimani, kwenye baridi na ukungu. Anashuka kuja kutubeba." Akaizungusha sahani tupu mkononi. "Nilipoandikwa kazi upande huu, nyanya alilia. Aliniambia, mjukuu wangu, unaenda kwao."

Mama yangu alimtafsiria Cucu maneno hayo, taratibu. Niliona Cucu akigeuka, akautazama mlima wetu kupitia kidirisha. Siku hiyo ulikuwa wazi, kilele cheupe, mlima ambao tangu azaliwe alikuwa akiuelekea akiomba.

"Kwa hivyo kwao," akasema, "ni sisi."

Cucu alivua leso yake ya mabegani. Aliifunga katikati ya jiko, kutoka kwenye nguzo ya paa hadi kwenye msumari wa kabati. Akavuta kigoda upande mmoja akaketi, akamwambia Tata Muthoni amwongezee kijana chakula, aketi upande ule mwingine.

Wafula akaingia akala. Leso ilikuwa kati yao. Tulisikia mifupa ya kuku.

"Umeshiba?" Cucu akauliza kitambaa.

"Bado, mama," kitambaa kikajibu, na hapo ndipo Cucu alipocheka.

Ndivyo Tata Muthoni alivyoolewa. Siandiki kuwapamba: waligombana kama watu wote, na Wafula alikuwa mgumu wa kusamehe. Lakini hakumla. Walipokuja likizo, Cucu alifunga leso bila kuambiwa, na ng'ambo zote mbili walizungumza kuhusu bei ya majani chai na maumivu ya magoti, kwa Kiswahili ambacho hakikuwa cha yeyote kati yao.

Lakini kuna jambo lingine lililotokea, na ndilo lililonifanya nishike kalamu. Watoto wa Tata walipoanza kusema, walikuja Agosti moja, na jioni tuliketi kama zamani. Mimi nilikuwa msichana mkubwa kidogo, najifanya sina haja na hadithi, lakini nilikuwa nimejibana kona ileile. Mtoto wa kwanza wa Tata alikuwa mapajani pa Cucu. Ng'ambo ya leso baba yake alikuwa anakula.

"Ugai itha!"

"Itha!"

"Kulikuwa na msichana mrembo, warembo wote wa nchi hii hawakumfikia. Siku moja ikapigwa ngoma. Akaja kijana mzuri, anang'aa, ametoka..."

Mkono wake ulianza kuinuka kuelekea mlangoni, upande wa Mwea. Akauona. Akamtazama mtoto. Ng'ambo ya leso kijiko kilinyamaza.

"Ametoka mbali," Cucu akasema.

"Mbali wapi, Cucu?" mtoto akauliza.

"Mbali tu."

Sauti ya Wafula ikatoka nyuma ya kitambaa. "Mama, sema tu Mwea. Ni hadithi."

"Hapana," Cucu akasema. "Nyumba yenu iko huko."

Akaendelea, lakini zimwi alikuwa ameshapoteza nguvu. Zimwi asiye na kwao anatisha nini? Watoto walipiga miayo. Cucu alikatisha katikati, akasema hadithi yake imeishia hapo, na sikumsikia tena akiita itha, ingawa aliishi miaka mingi baadaye. Tukimwomba alisema amesahau. Hakuwa amesahau, alikumbuka deni la kila mtu pale kijijini. Nafikiri aliona aibu, lakini huenda nakosea, maana sikumwuliza.

Siku hizi watu husema simu ndizo zilizoua hadithi. Kwingine labda. Kwetu ziliishia kwa mkwe.

Mjukuu wangu Shiru, ambaye hulala kwangu siku za kazi za mama yake, ana simu ya kuchezea gemu, nayo imejaa majitu. Ananionyesha. Majoka yenye mabawa, mfalme wa giza mwenye pembe tatu, mchawi wa kijani, kiumbe fulani anayetoa moto puani. Nikamwuliza yupi ni mbaya. Akacheka vile watoto wa leo wanavyowacheka wazee: "Cucu, si unaona pembe!" Nikamwambia hao si wabaya, hao wamevaa yunifomu. Hakunielewa. Anawatazama anakunywa soda, kisha anazima na kulala fofofo. Sisi tulilala tumeshikana, tukisikiliza kama mbwa anabweka, na asubuhi mgeni yeyote barabarani tulimpima kisogo kwa macho. Siwezi kusema tulikuwa watoto bora. Tulikuwa na hofu nyingi, na nyingine ilikuwa ya watu wasiotukosea lolote. Lakini tulijua ubaya unaweza kuja umechana nywele, na sijui Shiru atalijulia wapi hilo.

Juzi stima ilipotea, na simu yake ikaisha chaji. Alikuja kitandani kwangu, akaniambia, "Nisimulie basi yule wenu." Nikaita, naye hakujua kujibu, nikamfundisha. Nikaanza vizuri: msichana, ngoma, kijana anayeng'aa.

"Ametoka wapi?" Shiru akauliza.

Nilifikiria Mwea, nikawaona watoto wa Tata na watoto wao. Nikafikiria Nanyuki, kuna mama mmoja wa Kiislamu tuliyekuwa tukiuziana naye mbuzi na kuombeana wagonjwa. Bungoma sasa ni kwa wakwe zetu. Nikapanda mpaka mlimani kwenyewe, na huko ni sisi, tuliomliza nyanya ya Wafula. Nikazunguka nchi nzima gizani pale, mji kwa mji, nikimtafutia zimwi mahali pa kutoka, na nilipogutuka mtoto alikuwa amelala.