Fundi wa Simu na Nyota Iliyohama

Fundi wa simu wa Ogembo ni mwanamke mwenye vidole vyembamba, na huimba kwa pua akikaza skrubu. Wateja wakipungua, hufungua kwenye kompyuta picha mbili za sehemu moja ya anga zilizopishana miaka kumi, akawa anazibadilisha upesi: hii, ile, hii, ile. "Nyota zote zinakimbia," huniambia mimi ninayeuza ndizi mlangoni pake, "ila ziko mbali sana, ndiyo unaona zimetulia; iliyo karibu ndiyo huonekana imehama. Wataalamu hupima nyota imesogea kiasi gani, wakagawanya kwa miaka, wakapata mwendo wake." Mwezi uliopita aliona kitone kimoja kimehama, akawaandikia wanaastronomia wanaoomba watu wa kawaida wawasaidie kutafuta. Jumanne, Mama Bonareri alipokuja kuchukua simu yake, jibu likaingia. Fundi alilisoma mara mbili. Kisha akaruka, skrubu zikamwagika, akamkumbatia mama wa watu.

"Imehama kweli! Hakuna aliyekuwa ameiona!"

"Simu yangu?"

"Nyota, mama! Nyota!"

Mama Bonareri alimkodolea macho, akaangua kicheko, akapiga vigelegele hadi watu wa bodaboda wakazima pikipiki kuuliza nani amejifungua.