Polisi Niliowaomba Mwenyewe

Polisi ni mimi niliyewaomba. Nalisema mapema, maana kuna watu pale sokoni wanaopenda kunikumbusha, na sitaki wajione wajanja.

Nilikuwa nagombea kiti cha kamati katika chama chetu cha ushirika cha kahawa, huku Embu. Sisi wa bondeni hatujawahi kuwa na mtu wetu kwenye kamati. Kiwanda kiko juu, wanakamati wote wanatoka juu, na tukipanda kile kilima na magunia mgongoni tunaambiwa, "Mashine imejaa, rudini kesho." Kesho gani? Kahawa iliyoiva ikilala kwenye gunia inaharibika, halafu wanaikataa. Nilitaka jambo moja tu, kahawa ya bondeni ipokelewe siku inayoletwa.

Uchaguzi uliotangulia ulikuwa wa mawe. Watu wa mwenyekiti walitutimua uwanjani, na jirani yangu akarudi nyumbani jicho limefura. Kwa hiyo safari hii niliandika barua ya kuomba ulinzi, binti yangu anayekaa mjini, mtaa wa Majimbo, akaipiga chapa, nikaipeleka kituoni kwa miguu yangu. Nikajiona nimesoma kweli!

Siku ilipofika walikuja, tena wengi, na marungu yao. Nilifurahi, Mungu anisamehe. Sisi hupiga kura kwa mlolongo: wagombea wanasimama uwanjani, kila mtu anajipanga nyuma ya anayemtaka, na afisa wa ushirika anahesabu vichwa. Tangazo lililobandikwa ukutani lilisema saa nne. Saa tatu na nusu nikasikia lango la uwanja wa kiwanda linafungwa. Watu wangu walikuwa bado njiani, maana asubuhi lazima maziwa yatoke kwanza.

Nikamkimbilia inspekta. "Afande, watu wangu hawajafika. Tangazo linasema saa nne."

"Mama, mwenyekiti ametuambia saa tatu na nusu. Likishafungwa halifunguliwi. Si ni wewe uliomba usalama?"

Aliniambia kwa heshima kabisa, na hiyo heshima ndiyo iliyoniuma.

Nyuma yangu walisimama watu kumi na mmoja. Nyuma ya mpinzani wangu, shemeji ya mwenyekiti, mlolongo ulizunguka vitanda vya kuanikia kahawa. Halafu nikawaona wangu wakifika upande wa pili wa waya wa uzio, matope hadi magotini, leso za kanisani kichwani. Walikuwa wengi, jamani! Wengi kuliko nilivyothubutu kuomba.

"Hesabu na wale!" nikapiga kelele.

Afisa hakuinua hata macho. "Wa nje si wapiga kura," akasema.

Nikamwita mwizi, mbele ya watu wote, na siombi msamaha. Polisi wawili wakanishika mikono polepole, kama mtu anayepelekwa hospitali, wakanirudisha mahali pangu. Nikashindwa. Kisha nikaletewa fomu nitie sahihi kwamba uchaguzi umefanyika kwa amani, nikatia. Wewe ungeandika nini? Hakuna jiwe lililorushwa.

Lango lilipofunguliwa nilitoka nikiwa tayari kwa matusi, na ningeyapokea. Lakini watu wangu walikuwa bado wamepangana kando ya waya, mstari umenyooka, hakuna aliyeondoka. Mbele kabisa alisimama mama mkwe wangu na mkongojo wake, jasho linamtoka, anacheka.

"Tumeshinda?" akaniuliza.

Sikumwelewa. Akanieleza, tena kwa fahari, kwamba polisi mmoja kijana mwenye adabu aliwapanga vizuri sana. Aliwaambia kila mtu asimame nyuma ya mwenzake na wasisukumane, kisha akapita akiwahesabu mmoja mmoja na kuandika kwenye kitabu chake. Yule alikuwa anaandika ripoti yake ya watu waliokusanyika nje, basi. Lakini hawa wangu wamepiga kura za mlolongo maisha yao yote, na kwao ukipangwa ukahesabiwa, umepiga kura.

Hasira iliyonipanda siku ile bado ninayo. Nilifungua mdomo niwaambie, machozi yakatangulia.

"Mbona unalia?" mama mkwe akasema. "Mimi ndiye nilikuwa wa kwanza. Alinigusa bega hapa, akasema, moja."